Kilimanjaro iko juu kuliko Antaktika yote, kwanini basi watu wa nyota wanakimbilia kwenye barafu kule?

Swali la msomaji: "Shikamoo mwalimu. Mi naongoza watalii Mlima Kilimanjaro, naishi Moshi. Mwezi wa nane nilikua na mgeni mmoja mzee, msomi wa mambo ya nyota, tukiwa tunatoka Barafu kempu usiku kuelekea kileleni nikamwambia hakuna sehemu duniani nyota zinaonekana kama hapa. Akaniambia kwa nyota za uhakika ni Antaktika, katikati kabisa ya barafu, huko ndo kuna anga bora kuliko zote. Roho iliniuma kidogo. Sisi tuko mita 5,895, kule ninavyosikia ni kama mita 4,000 tu, giza tunalo na baridi tunayo. Ni kweli alichosema? Na kama ni kweli, mbona hawajajenga madarubini makubwa huko?"

Marahaba mdogo wangu. Mgeni wako kasema kweli, ila kakupa nusu ya habari, na hiyo nusu nyingine ndo inayokuhusu wewe unayepita pale Barafu kila wiki. Nitakujibu kwa urefu maana hili jambo nalipenda sana na kila mwaka wanafunzi wananiuliza kitu kama hicho hicho, mtu anadhani ubora wa anga ni urefu wa mlima, au ni giza, au ni baridi, kumbe kinachotafutwa zaidi ni hewa iliyotulia.

Anza na jiko la mkaa. Likishashika vizuri angalia ukuta ulioko nyuma yake kupitia ile hewa ya juu ya jiko, utaona ukuta unacheza. Au saa saba mchana uko barabarani Boma Ng'ombe kwenda KIA, lami mbele yako inatetemeka kama maji. Ukuta haujatikisika na lami haijatikisika, ni hewa ya moto na hewa ya baridi zinachanganyikana na kila moja inapindisha mwanga kivyake. Nyota kumeta ni hicho hicho. Yenyewe haimeti, mwanga wake umesafiri miaka na miaka umenyooka vizuri tu, ukaja kuvurugwa kwenye kilomita chache za mwisho kabla haujaingia kwenye jicho lako. Kwako wewe na mgeni wako inapendeza, kwa mtu mwenye darubini ni balaa, kwa sababu badala ya kupata kidoa anapata doa linalotambaa, na hata akinunua darubini kubwa mara kumi doa linabaki na ukungu ule ule.

Huo ukungu unapimwa. Chukua nyuzi 1 ya anga (upana wa kidole kidogo ukinyoosha mkono), igawe mara 3,600, kila kipande kinaitwa sekunde. Mwezi mpevu una kama sekunde 1,800 kutoka upande hadi upande. Sekunde 1 ni sawa na kuangalia sarafu ya sentimita 2 na nusu iliyoko kilomita 5 kutoka ulipo. Sasa sehemu maarufu za darubini duniani, Paranal kule Chile na Mauna Kea kule Hawaii, usiku wa kawaida doa la nyota lina upana wa sekunde 0.6 mpaka 0.8 hivi, na watu wametumia mabilioni kujenga pale kwa ajili ya hiyo namba. Antaktika, sehemu inaitwa Dome A, wamepima wakapata 0.31 kwa usiku wa kawaida, na nyakati bora kabisa 0.13. Hiyo 0.31 ni ile sarafu yako ikae kilomita 16 na zaidi, yaani utoke Mnara wa Saa hapa Arusha uende mpaka umeshapita Tengeru, na bado uione kama sarafu. Mi mara ya kwanza kusoma hiyo namba nilirudia kuisoma, nikidhani kuna nukta imekosewa.

Sasa kwanini huko? Hapa ndo utaelewa vizuri kuliko mtu wa mjini, kwa sababu mwezi wa saba unajua Moshi inavyokua, wiki nzima mawingu mazito, baridi, jua halionekani, watu wamevaa makoti, halafu mnapandisha na wageni, mnapita kambi ya Mandara bado ukungu, mkifika kambi ya Horombo mmetoka juu ya mawingu, anga jeupe na chini yenu bahari ya pamba. Yaani kuna blanketi limelala juu ya ardhi na ubora wote unategemea kama uko chini yake au juu yake. Antaktika nako kuna blanketi, ila lao halionekani kwa macho. Barafu inapoteza joto usiku wa miezi mingi na hewa inayoigusa inapoa kupita kiasi, hewa ya juu yake ina joto zaidi, na pale zinapokutana ndo kuna vurugu yote. Ukishavuka hilo blanketi juu yake hewa imetulia ajabu. Kwahiyo swali la watafutaji likawa moja tu, wapi blanketi ni jembamba kiasi kwamba mtu anaweza kujenga kamnara akalivuka?

Walianzia ncha ya kusini yenyewe, maana Wamarekani wana kituo pale, Amundsen-Scott, kipo toka miaka ya 1950, na urefu wake ni mita 2,835 na karibu yote ni barafu. Wakapima miaka ya 1990, usawa wa barafu wakapata karibu sekunde 2, mbaya kuliko Chile mara mbili tatu. Wengi wangekata tamaa hapo. Lakini vipimo vya maputo vikaonyesha kwamba fujo yote iko kwenye mita 200 na kitu za chini, juu ya hapo ni shwari. Mita 200 huwezi kujengea mnara wa darubini, lakini ilishaonyesha njia.

Na kwanini pale blanketi ni nene? Kwa sababu ya mteremko. Wachagga wanajua hili bila kwenda shule, jioni jua likizama hewa ya baridi ya mlimani inateremka na mabonde kuja chini, ukikaa Machame au Old Moshi unausikia huo upepo mgongoni. Hewa ya baridi ni nzito, inatiririka kama maji. Antaktika ni mlima mmoja mkubwa sana wa barafu wenye mgongo wa mviringo, hewa inateremka kutoka juu kwenda pwani na inaongeza kasi njiani, ikifika baharini ni dhoruba, sehemu kama Commonwealth Bay ni kati ya sehemu zenye upepo mkali zaidi duniani usawa wa bahari. Ncha ya kusini iko mtelemkoni, kwahiyo upepo unapita hapo kila saa na unalivuruga lile blanketi. Sasa fikiria sehemu ambapo mtelemko unaanzia, pale juu kabisa kwenye mgongo. Hapo hewa haina pa kutokea, inaanza safari ndo kwanza, kwahiyo upepo ni mdogo sana. Hivyo vilele vya mgongo ndo wanaviita dome, na viko kadhaa, A, C, F.

Dome C iko mita 3,233, Wafaransa na Waitaliano wana kituo pale kinaitwa Concordia, watu walianza kulala huko majira ya baridi mwaka 2005. Lakini kabla ya watu kulikua na mashine, wataalamu wa chuo cha New South Wales cha Australia waliacha kibanda cha roboti peke yake, kinajiendesha na kutuma namba kwa satelaiti, na mwaka 2004 wakatoa matokeo kwamba juu ya mita 30 kutoka chini doa la nyota ni sekunde 0.27. Dunia ya wanaanga ilitikisika. Halafu Wafaransa walipokaa pale wenyewe na kupima karibu na barafu wakapata zaidi ya sekunde 1, na kuna watu wakaanza kusema basi ile ya kwanza ilikua uongo. Haikua uongo! Zote mbili zilikua kweli, mmoja alipima juu ya blanketi mwingine alipima ndani yake, kama vile mmoja anapiga simu kutoka Horombo anasema jua kali na mwenzake yuko stendi ya Moshi anasema manyunyu, na wote wako mlima mmoja siku moja. Nawaambia wanafunzi wangu kila mara, ukipewa namba ya anga uliza kwanza ilipimwa mita ngapi kutoka ardhini.

Dome A ndo kilele cha juu kuliko vyote vya barafu ile, karibu mita 4,090. Wachina walifika na matrekta Januari 2005, kutoka kituo chao cha pwani ni zaidi ya kilomita 1,200 za barafu tupu, na mwaka 2009 wakafungua kituo cha Kunlun. Mwanzoni mwa 2019 wakasimamisha vifaa vya kupimia kwenye mnara wa mita 8 tu, mrefu kidogo kuliko nyumba ya ghorofa moja, wakaondoka, vikapima vyenyewe baridi nzima gizani, na 2020 ndo ile 0.31 ikatangazwa. Blanketi la pale kwa kawaida lina unene wa kama mita 14. Mita 14 mdogo wangu! Kutoka mita 200 na kitu za ncha ya kusini mpaka 30 za Dome C mpaka 14, ndo safari nzima ya utafutaji ilivyokua, walikua wanafuata mgongo wa barafu mpaka pale upepo unapoishia.

Kuna na sehemu nyingine, Ridge A, kama kilomita 150 hivi kutoka Dome A, hiyo iligunduliwa kwa kukaa na kompyuta na data za satelaiti mwaka 2009 wakati hakuna binadamu aliyekua amekanyaga, wakasema hapa kunaweza kuwa bora zaidi kwa baridi, ukavu na utulivu. 2012 wakaenda kuweka darubini ndogo ya roboti. Mi hicho ndo kinanigusa zaidi kwenye habari nzima, kwamba mtu anakaa mezani anasoma upepo na joto kwenye karatasi anaweka kidole kwenye ramani, na anakua sahihi kiasi cha watu kupanda ndege na kwenda. Kaskazini mwa dunia hamna mpinzani wa kweli kwa sababu ncha yenyewe ni bahari iliyoganda, utajenga juu ya nini, ila Greenland kuna barafu ya juu na watu wanafanya kazi.

Kitu kingine ni ukavu. Hewa ya baridi sana haiwezi kubeba mvuke, na mvuke wa maji ndo unaokula mionzi ya infraredi na mawimbi mafupi ya redio yanayotoka kwenye vumbi la nyota. Ukikusanya mvuke wote ulioko juu ya Dome A majira ya baridi ukaufanya maji unapata kina cha sehemu ndogo tu ya milimita 1. Ndo maana ncha ya kusini, pamoja na ubovu wake wa blanketi, ina darubini ya mita 10 inayofanya kazi toka 2007 kupima joto lililobaki tangu mwanzo wa ulimwengu, maana kwa kazi hiyo fujo ya hewa ya chini haiumizi sana, ukavu ndo mali. Unaona kwamba "anga bora" inategemea unatafuta nini.

Sasa giza, hapo watu wengi wanadanganyika. Wanadhani miezi 6 ya usiku ni miezi 6 ya nyota. Sio. Pale nchani jua linazama Machi na linarudi Septemba, lakini linazama taratibu kama mtu anayeshuka ngazi, mwanga wa magharibi unabaki wiki na wiki, giza kamili unalipata kuanzia kama katikati ya Mei mpaka mwanzoni mwa Agosti. Halafu mwezi, majira hayo mwezi mpevu hauzami kabisa, unazunguka juu ya upeo siku nyingi mfululizo na kuosha anga lote. Halafu kuna aurora, ile mianga ya kijani, nzuri kwa picha ila kwa mtu anayetafuta galaksi hafifu ni kama jirani aliyewasha taa ya nje. Faida yake kubwa ni kwamba nyota hazizami, zinazunguka tu kwa urefu ule ule, kwahiyo unaweza kuikodolea nyota moja siku nyingi bila kukatizwa na mchana, na pale Concordia kuna darubini ndogo ya sentimita 40 inayofanya hivyo kutafuta sayari zinazopita mbele ya nyota zao.

Mbona hawajajenga kubwa? Kwa sababu kila kitu kule kinagoma. Baridi kali kuliko zote iliyowahi kupimwa ardhini Antaktika, kituo cha Vostok, Julai 1983, ni nyuzi 89.2 chini ya sifuri. Dizeli ya kawaida inaganda, grisi inakua gundi, waya unavunjika kama kijiti, betri inakufa, na kioo cha darubini kinaota theluji yake chenyewe hata kama haijanyesha. Umande ulionisumbua mimi na darubini yangu ya inchi 8 pale Ngaramtoni naufuta kwa kitambaa na feni ndogo, kule huwezi hata kuugusa maana hakuna mtu, Dome A majira ya baridi ni mashine peke yake. Concordia wanabaki watu kumi na kidogo na kuanzia Februari mpaka Novemba hakuna ndege, ukiugua unatibiwa na daktari mliyenaye basi. Kwahiyo fedha kubwa inaenda Chile, wanakojenga sasa hivi darubini ya kioo cha mita 39 juu ya mlima wa Cerro Armazones, mahali ambapo fundi anaweza kupanda gari asubuhi na kurudi kula jioni. Mi naamini darubini ya mita 2 au 3 juu ya mnara pale Dome A italeta picha ambazo kubwa nyingi za kwingine hazileti, na ningependa kuiona kabla sijafa.

Na Kilimanjaro je? Kwanza usikubali mtu akudharaulie mlima, hata kilele kirefu cha Antaktika, Vinson, ni mita 4,892, hakifiki Stella Point, pale ukingoni kabla ya kilele chetu. Lakini mlima wetu umesimama peke yake katikati ya tambarare za joto. Mchana tambarare zinachemka, hewa inapanda na unyevu wake, saa nane mchana kilele kimefungwa. Usiku upepo wa juu unagonga lile kuba la Kibo, kilele chetu, na kuvurugika kama maji ya mto yanavyogonga jiwe, na wewe uko nyuma ya jiwe. Chile milima iko karibu na bahari ya baridi, hewa inakuja imenyooka kama shuka iliyopigwa pasi. Na hata hewa ingekua nzuri, huko juu ni hifadhi, na barafu yake inapungua mbele ya macho yetu, mi nisingetaka kuona barabara na mitambo pale.

Unaweza kupima mwenyewe. Siku uko Barafu au Kibo hut angalia nyota iliyoko utosini, sio za pembeni maana hizo zinameta kila mahali kwa sababu unaziangalia kupitia hewa nyingi. Ya utosini ikiwa inametameta kwa nguvu, jua kwamba upepo wa juu umechafuka usiku huo. Ikitulia kama taa, huo ni usiku adimu, mwambie mgeni asimame dakika 5. Andika kwenye daftari kila safari, tarehe na saa, ukifikisha mwaka nitumie, kwangu hiyo ni data ya kweli.

Na jambo la macho, wageni wengi hawalijui. Macho usiku yanakula oksijeni nyingi, kwahiyo ukikaribia kileleni nyota hafifu zinapungua, anga halijaharibika ila jicho limechoka. Anga la kuangalia kwa macho ni la Horombo au Shira, mwezi mchanga, tochi za kichwa zimezimwa dakika 20 hivi, waombe na wagumu (wapagazi) wazime. Hapo hata huyo mzee wako hana la kusema.

Ile nusu ambayo hakukuambia ni hii. Sisi tuko nyuzi 3 tu kusini ya ikweta, kwa mwaka mzima karibu kila nyota ya dunia nzima inapita juu yetu, isipokua kakipande kadogo kaskazini kwenye nyota ya Kutubu. Mtu aliyeko Dome A anaona zaidi kidogo tu ya nusu ya anga, ile ile, milele. Kitovu cha galaksi yetu kwake kiko chini chini, kwetu kinapanda juu sana. Na Kilimia, kile kifungu cha nyota ambacho wazee wetu wanasema kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, na kikizama kwa mvua huzuka kwa jua, yule wa Dome A hakioni hata siku moja, kiko chini ya upeo wake mwaka mzima na hakitapanda.

Kwahiyo Agosti ijayo ukiwa na wageni mnapanda kutoka Barafu, saa kumi na moja alfajiri kabla hamjafika Stella Point, wasimamishe. Waambie wageuke kwanza nyuma, kusini, juu ya taa za Moshi watakuta kipande kidogo cheupe kama moshi, hilo ni Wingu Dogo la Magellan, galaksi nyingine kabisa, na watu wa Antaktika wanalo hilo mwaka mzima. Halafu wageuke mbele mnakopanda, waangalie mkono wa kulia juu kidogo, kile kifungu cha nyota zilizobanana ndo Kilimia.